Jina la binti: namna ya kulifuata mpaka asili yake

Orodha za maana za majina zinazozunguka kwenye simu zina kasoro moja kubwa: zinatoa maana bila kuuliza jina linaandikwaje kwa herufi za Kiarabu, wala limeingiaje Kiswahilini. Ndiyo maana mzazi wa Langoni au Mkomani, mitaa ya hapa Lamu, anaweza kumpa binti yake jina akiamini lina maana fulani, kumbe maana ile ni ya jina jingine linalofanana nalo kwa sauti tu. Mwongozo huu ni wa anayejiandaa kumpa mtoto jina, na pia wa mtu mzima anayetaka kulijua lake. Unahitaji karatasi, mzee mmoja wa nyumbani, na mtu anayesoma Kiarabu kwa irabu zake. Mwalimu wa chuo cha Kurani anatosha.

Hatua ya 1: Liandike linavyoitwa nyumbani

Usianze na cheti. Anza na sauti. Andika kila umbo la jina hilo linalotumika: lile la kwenye kadi ya kliniki, lile analoita nyanya yake, lile la utani. Ukimuuliza mzee kwa Kiamu, lahaja ya Lamu, sema *ina*, si *jina*, na majibu yatakuja kwa wepesi zaidi.

Fatma, Fatuma, Fatu na Tuma ni jina moja. Aisha, Asha na Esha ni jina moja. Khadija, Khadi na Dija vilevile. Tofauti kati yao imeletwa na ulimi wa Kiswahili, ambao haupendi konsonanti mbili kugongana wala neno kukatikia kwenye konsonanti. Kwa hiyo Fatma ikawa Fatuma, Maryam ikawa Mariamu, Zaynab ikawa Zainabu, Rahma ikawa Rehema. Irabu iliyoongezwa haina maana yoyote. Anayefasiri Fatuma kwa neno "kutuma" ameshapotea njia kabla hajatoka mlangoni.

Batuli ni jambo jingine. Hilo si kifupi cha Fatma. Ni lakabu, *al-Batul*, aliyejitenga kwa ajili ya ibada, nayo hutumiwa kwa Bibi Maryam na kwa Bibi Fatma binti wa Mtume (S.A.W.). Zahra nayo ni lakabu ya Bibi Fatma. Ukimkuta bibi anaitwa Batuli nyumbani na Fatma kwenye karatasi, usiseme moja limekosewa. Andika yote mawili.

Hatua ya 2: Vua "Mwana"

Majina mengi ya wanawake wa Lamu, Pate na Siyu huanza na Mwana: Mwanaesha, Mwanakhadija, Mwanamina, Mwanajuma, Mwanaidi, Mwanakhamis, Mwanahawa. Watu wengi huifasiri Mwana hapa kuwa ni "mtoto", wakasema Mwanajuma ni mtoto wa Ijumaa. Si hivyo. Mwana katika majina haya ni cheo cha heshima, maana yake bibi, mwanamke mwenye hadhi. Ushahidi uko wazi: mvulana aliyezaliwa Ijumaa huitwa Juma tu, na aliyezaliwa Idi huitwa Idi. Kama Mwana ingekuwa mtoto, kwa nini wavulana wasiwe nayo? Mshairi wa karne ya 19 wa Pate na Siyu aliitwa Mwana Kupona binti Mshamu, na binti yake aliyemtungia utenzi wa nasaha akaitwa Mwana Hashima. Mombasa nako simulizi za kale humtaja malkia Mwana Mkisi. Wote hao wanatajwa kwa cheo.

Mara nyingine Mwana hukatwa ikabaki Mwa: Mwanajuma ikawa Mwajuma. Likate hapo, kisha tafuta maana ya kilichobaki.

Siti hufanya kazi ileile kwa njia ya Kiarabu: *sitti*, bibi yangu. Linaweza kusimama peke yake. Mwimbaji mashuhuri wa Unguja, Siti binti Saad, aliyefariki mwaka 1950, alizaliwa Fumba akaitwa Mtumwa. Siti lilikuja baadaye, na ukiyaweka majina hayo mawili ubavuni utaona jina linavyoweza kumbeba mtu kutoka hali moja hadi nyingine. Sharifa nalo linataka uangalifu hapa Lamu. Kuna Sharifa jina, na kuna Sharifa cheo cha binti wa ukoo wa masharifu. Uliza ni lipi kabla ya kuandika.

Malindi utakutana na majirani Wagiriama. Kadzo, Kache, Sidi na Dama usiyatafutie mzizi wa Kiarabu, hayana. Kigiriama kina viambishi vyake: Mekatilili, aliyewaongoza Wagiriama dhidi ya Waingereza mwaka 1913, alizaliwa Mnyazi wa Menza. Mekatilili maana yake ni mama wa Katilili. Huko muulize mzee wa ukoo, kwa sababu majina hupokezanwa kwa utaratibu wa mbari.

Hatua ya 3: Pata herufi za Kiarabu

Hapa ndipo kazi ilipo. Maana ya jina la Kiarabu hukaa kwenye mzizi, kwa kawaida herufi tatu, na Kiswahili kimeziyeyusha herufi kadhaa tofauti zikawa sauti moja. Kwa hiyo jina likiandikwa kwa herufi za Kirumi peke yake, huwezi kuwa na hakika ya mzizi.

Chukua Asia. Lisome kwa sauti, kisha litazame kwa Kiarabu. Kuna آسية, kwa alifu ya kuvuta na sini. Ndilo jina la mke wa Firauni aliyeamini, na hufasiriwa mwenye kuuguza au kuliwaza. Na kuna عاصية, kwa aini na swadi, maana yake mwenye kuasi. Huu ni mzizi uleule uliotupa *asi*, *uasi* na *maasi*. Katika hadithi, Mtume alimbadilishia jina mwanamke aliyeitwa hivyo la pili akamwita Jamila. Kwa Kiswahili yote mawili ni Asia, herufi kwa herufi. Mzazi anayempa binti yake jina la mke wa Firauni anafanya jambo jema kabisa, ila ahakikishe mwalimu anapoliandika kwenye ubao wa chuoni, analianza kwa alifu na si kwa aini.

Sauti za kuchunga ni hizi:

- s inaweza kuwa sini au swadi. Watu wa pwani ya Kenya wana desturi nzuri ya kuiandika swadi kwa *sw*: Swabra, Swafia, Swaleha. Ukiiona *sw* kwenye jina la aina hii, jua ni swadi.
- t inaweza kuwa te au twe. Twahira ni twe, ndugu wa *tohara* na *utwahara*.
- h inaweza kuwa he ya kooni (ح) au he nyepesi (ه). Hawa, mama wa watu wote, ni ya kooni. *Hawaa*, matamanio ya nafsi, ni nyepesi. Hayahusiani.
- dh hubeba herufi tatu: dhali, dhwadi na dhwe. Radhia ni dhwadi, mzizi wa *radhi*. Nadhifa ni dhwe, mzizi wa *nadhifu*.
- a ya mwanzo inaweza kuficha aini. Aisha ina aini, Amina haina.

Makosa yanayotokea mara nyingi kwa sababu ya sauti hizi: Saumu kudhaniwa linahusiana na kitunguu saumu. Jina ni *sawm*, funga. Kitunguu ni *thum*, ndiyo maana wengine hukiita kitunguu thomu. Asha kudhaniwa limetoka kwenye sala ya Isha. Mzizi wa Aisha ni kuishi, wa sala ni jioni, na herufi ya mwisho ya mizizi hiyo haifanani. Swafia na Sofia kuhesabiwa jina moja. Swafia ni la Kiarabu, mzizi wa usafi na uteule, jina la mmoja wa wake wa Mtume. Sofia ni la Kigiriki, maana yake hekima.

Mwambie mwalimu akuandikie jina kwa irabu zote, si herufi tupu. Bila irabu hutaweza hatua inayofuata. Nyumba zenye karatasi za zamani zina bahati zaidi: hati za ndoa, barua za mababu za Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, wakati mwingine ukurasa mtupu wa Msahafu wa nyumbani ambapo vizazi viliandikwa. Herufi ya kwanza ya jina kwenye karatasi kama hiyo ina thamani kuliko maelezo ya mtu yeyote.

Hatua ya 4: Tazama umbo

Herufi tatu zikishapatikana, bado jina lina kalibu lake, yaani umbo ambalo herufi hizo zimetiwa. Makalibu manne yatakutatulia majina mengi ya wanawake.

Kalibu lenye irabu ndefu baada ya herufi ya kwanza humaanisha mwenye kutenda au mwenye hali: Aisha, mwenye kuishi, Fatma, kutoka mzizi wa kumwachisha mtoto ziwa. Kalibu lenye *i* ndefu katikati hutaja sifa iliyotulia ndani ya mtu: Jamila, mzuri, Karima, mkarimu, Latifa, mpole, Halima, mvumilivu asiyekasirika upesi, na ndilo jina la Bibi Halima aliyemnyonyesha Mtume. Kalibu la *ma-* na *u* ndefu ni la kutendewa: Maimuna, aliyebarikiwa. La nne ni la kudogosha kwa mapenzi, lenye *u* mwanzo na *ai* au *e* baadaye: Rukia (Ruqayya), Zuwena, Humaira.

Amina ndilo jina linaloonyesha faida ya hatua hii. Mzizi ni mmoja, wa *amani*, *imani* na *amana*. Lakini Āmina, kwa *a* ya kuvuta mwanzoni, ndiye mama yake Mtume, na maana yake ni aliye salama, mwenye amani. Amīna, kwa *i* ya kuvuta, ni mwaminifu. Nyanya wengi walioitwa Amina walikusudiwa la kwanza, na wajukuu wao kwenye orodha za simu wanaambiwa la pili.

Khadija huwashtua watu. Mzizi wake ni wa kuzaa kabla ya wakati. Neno la mzizi huohuo, *khidaj*, limo katika hadithi ya sala isiyosomwa Fatiha, kwamba ni pungufu. Jina si la kasoro kwa sababu hiyo. Watu hawampi binti jina la Khadija kwa ajili ya mzizi. Wanampa kwa ajili ya Bibi Khadija binti Khuwaylid. Ukimweleza mtoto maana, mweleze mzizi na umweleze mwenye jina, vyote viwili, asije akasikia nusu shuleni akaingia na huzuni.

Na kuna majina ambayo Kiarabu chenyewe kimeyapokea. Maryam na Sara yametangulia Kiarabu. Sara kwa Kiebrania ni bibi wa hadhi. Maryam, wataalamu hawajaafikiana juu ya maana yake, na anayekupa moja kwa uhakika amejitungia. Yasmini ni Kiajemi, ua letu la asumini. Zainabu lina maelezo mawili yanayopokewa: mti mzuri wenye harufu, au *zayn ab*, pambo la baba.

Hatua ya 5: Lipime kwa ndugu zake wa Kiswahili

Baada ya mwalimu kukupa mzizi, upime kwa maneno unayoyatumia kila siku. Aisha na *maisha*. Sakina na *maskani*. Swabra na *subira*. Nasra na *nusuru*. Swaleha na *suluhu* na *maslahi*. Rehema na *marehemu*, aliyeombewa rehema. Naima na *neema*. Ukiambiwa maana isiyogusana hata kidogo na ndugu hawa, rudi hatua ya 3. Majina ya nyota yana ladha yake: Zuhura ni sayari ile ing'aayo baada ya magharibi au kabla ya alfajiri, na Thuraya ni kundi la nyota ambalo Waswahili tunaliita Kilimia.

Hatua ya 6: Majina ya wakati, na jinsi siku inavyohesabiwa

Mwanajuma, Mwanakhamis, Mwanaidi, Arafa na Saumu ni majina ya wakati wa kuzaliwa. Hapa kosa hutokea kwenye saa. Kwa hesabu yetu siku huanza jua linapotua, si usiku wa manane. Binti aliyezaliwa Alhamisi saa mbili usiku amezaliwa usiku wa Ijumaa, naye ni Mwanajuma, ingawa kadi ya hospitali itaandika Alhamisi. Anayerudi miaka baadaye na kalenda ya simu ataona "kosa" ambalo halipo. Andika saa ya kuzaliwa, na andika kama ilikuwa kabla au baada ya magharibi.

Miezi nayo hesabu kwa mifungo: Mfungo Mosi ni Shawwali, unaofuata Ramadhani, na Arafa huangukia tarehe 9 Mfungo Tatu. Mwaka wa mwezi una siku 354 au 355, kwa hiyo kila mwaka Ramadhani husogea nyuma siku 10 hadi 12, ikazunguka misimu yote kwa muda wa miaka 33 hivi. Hili lina faida kubwa kwa wazee ambao kitambulisho chao kina mwaka tu. Bibi aitwaye Saumu, mwaka 1962, huenda alizaliwa kati ya Februari na siku za kwanza za Machi, kwa kuwa ndipo Ramadhani ilipokuwa mwaka ule. Lakini ushahidi huu unasimama tu ikiwa yeye ndiye Saumu wa kwanza nyumbani. Ikiwa amerithi jina la bibi yake, halisemi lolote kuhusu mwezi wake. Uliza kwanza.

Hatua ya 7: Majina ya tukio

Subira, Riziki, Faraja, Tunu, Shida, Sikudhani, Sikujua. Haya ni Kiswahili kitupu hata pale neno lenyewe lilipotoka Kiarabu, na kamusi haitoshi. Subira huenda alisubiriwa miaka. Sikudhani ni sentensi nzima ya mama yake. Kupona, kama lile la Mwana Kupona, linabeba neno la kupona maradhi, ila ni nani aliyepona ni wa nyumbani pekee wanaoweza kusema.

Majina magumu kama Shida na Kijakazi usiyacheke wala usiharakishe kuyabadili. Zamani, ndugu waliotangulia wakifa, mtoto aliyefuata hupewa jina lisilovutia ili jicho limpite. Mzee aliyebaki na jina hilo ni kumbukumbu ya watoto ambao hawakuishi. Ukimuuliza, muulize faraghani, na kwa adabu.

Hatua ya 8: Wajina ni nani?

Binti aliyeitwa kwa jina la nyanya yake ni wajina wake, au somo yake, na mara nyingi hiyo ndiyo maana halisi ya jina lake, mbele ya mzizi wowote. Iandike: jina la aliyeitiwa, na ubini wake. Jambo la kuangalia: mke kwa heshima halitaji jina la mama mkwe. Akimzaa wajina wa mkwe, mtoto ataitwa Bibi, au Mama, au lakabu nyingine maisha yake yote, mpaka siku moja anafika shuleni haitiki anapoitwa kwa jina lake. Mzoesheni jina la karatasi mapema, baba au shangazi awe analitaja.

Hatua ya 9: Akika na cheti

Kwa sunna, jina hutolewa siku ya saba pamoja na akika: mbuzi mmoja kwa binti, nywele kunyolewa, na sadaka ya fedha sawa na uzito wa nywele. Kulitoa siku ya kwanza pia kunafaa. Shida ya siku hizi ni kwamba taarifa ya kizazi hujazwa hospitalini kabla ya siku ya saba, na mama aliyechoka huandikiwa jina lolote. Kama hamjaafikiana, semeni hivyo wazi. Sheria ya Kenya inataka kizazi kisajiliwe ndani ya miezi 6, na inaruhusu jina kuongezwa au kurekebishwa ndani ya miaka 2 tangu kusajiliwa. Baada ya hapo utahitaji hati ya kisheria ya kubadili jina, yenye gharama na mzunguko. Aliyezaliwa nyumbani huanzia kwa naibu wa chifu.

Andika Mwana pamoja na jina, neno moja: MWANAKHADIJA. Ukiacha nafasi, MWANA litaingia mahali pa jina la kwanza, KHADIJA litasomwa kama jina la baba, na baba halisi atasukumwa nafasi ya babu. Mtoto ataonekana binti wa Khadija kwenye kila mfumo, na kosa hilo hujitokeza hasa kwenye pasipoti na mirathi.

Chagua tahajia moja. Fatma kwenye cheti, Fatuma shuleni na Fatima kwenye kitambulisho ni watu watatu machoni pa kompyuta, na kuwaunganisha kunahitaji hati ya kiapo. Majina mengine mawili ni la baba na la babu, nayo yafuate tahajia ya vitambulisho vyao, hata kama wewe ungeandika Khamis na wao wana Hamisi. Akiolewa, kwa desturi yetu habadili: anabaki binti wa baba yake.

Kabla hujaondoka kwenye dirisha, soma kila herufi ya karatasi uliyopewa. Kisha nyumbani chukua karatasi nyingine, uandike jina kwa Kirumi na kwa Kiarabu lenye irabu, mzizi, aliyeitiwa, saa ya kuzaliwa na kama ilikuwa kabla au baada ya magharibi, na tarehe ya mfungo. Ikunje uitie bahasha moja na cheti.